Huyu ni Baba au Si Baba? Namna picha ya kamera inavyogeuzwa mchoro

Hajati aliingia studioni kwangu hapa Bombo, Uganda, akiwa ameikumbatia fremu kubwa iliyofungwa kwa leso. Alipoifungua juu ya meza, nikamwona mzee mwenye kanzu nyeupe na kofia ya kufuma, nyuma yake rangi ya kahawia iliyoburutwa huku na huku kama kwa brashi pana. Kwa mbali ungeapa ni mchoro wa rangi ya mafuta. Hajati alikuwa amepeleka picha ya marehemu baba yake kwenye duka moja mjini, akaambiwa itachorwa kwa mkono, akalipa bei ya mchoro. Sasa alinishika mkono, akakipitisha kidole changu juu ya turubai. Kidole kiliteleza. Hapakuwa na tuta la rangi wala mfereji wa brashi. Rangi yote ililala sawasawa kama kwenye kalenda.

"Mwanangu," akaniuliza, "huyu ni baba au si baba?"

Nikamwuliza anachotilia shaka ni nini. Akaweka kidole juu ya jicho la kushoto la yule mzee. Baba yake alianguka kutoka kwenye mwembe akiwa mtoto, akabaki na kovu lililoukata unyusi wa kushoto vipande viwili. Kwenye turubai ile unyusi ulikuwa mzima.

Swali lake si lake peke yake. Mwishoni mwa Machi 2025 watu dunia nzima walianza kumpa ChatGPT picha zao na kurudishiwa katuni za mtindo wa Studio Ghibli ya Japani, na tangu hapo haipiti wiki nzima bila mteja kuniuliza: hii imechorwa, ni filta, au ni AI? Maneno hayo matatu yanatumiwa kana kwamba ni mamoja. Hayako hivyo, na tofauti yake ndiyo inayoamua kama uso utakaoutundika sebuleni ni wa mtu wako au wa mtu anayefanana naye.

Tuyatenganishe basi. Picha ni kile kilichonaswa na kamera: mwanga umempiga mtu, ukaingia kwenye lenzi, ukahifadhiwa. Mchoro ni kile kilichowekwa na mkono juu ya kitambaa, ubao au karatasi, rangi baada ya rangi. Filta, ambayo wengine huiita kichujio, ni hesabu inayofanywa na programu juu ya picha yako mpaka ifanane na mchoro. AI ni akili unde, au akili mnemba kama wasemavyo wengi wa Tanzania: ni programu iliyofunzwa kwa picha chungu nzima za watu wengine, na ambayo ukiionyesha picha yako inaweza kutunga nyingine mpya. Hajati alilipia mchoro. Alichopewa kilikuwa kimojawapo kati ya hivi viwili vya mwisho, na nitaeleza nilivyokitambua.

Kawa lina nyuzi, picha ina nukta

Chukua kawa la kufunikia chakula, yale ambayo mama zetu Wanubi hapa Bombo huyafuma kwa rangi kali. Ukiwa mlangoni unaona nyota au miduara. Ukilileta karibu na pua, nyota inapotea, unabaki na vipande vidogo vya ukindu, hiki chekundu, hiki cha zambarau, kila kimoja na rangi yake moja tu. Picha ya simu imefumwa vivyo hivyo. Vipande vyake tunaviita nukta au pikseli, na picha yenye nukta 4000 kwa 3000 ina nukta milioni 12. Kila nukta inabeba namba tatu: wekundu kiasi gani, kijani kiasi gani, buluu kiasi gani, kila namba ikianzia 0 hadi 255. Zote zikiwa 0, nukta ni nyeusi ti. Zote zikiwa 255, ni nyeupe pe. Kati ya hizo mbili kuna rangi zaidi ya milioni 16.

Filta haimjui mzee, haijui kanzu wala kofia. Inajua namba hizo. Kila unachokiona kikigeuka "mchoro" kwenye skrini ni namba zimebadilishwa kwa kanuni fulani, na kwa kweli kanuni nyingi zinafanya kazi moja: zinatupa vitu.

Hapa ndipo wengi wanapokosea. Wanadhani programu inaongeza rangi juu ya picha, kama fundi anayepaka ukuta. Lakini jaribu hili ukiwa sokoni: simama mbali kidogo na meza ya mafenesi, fumba macho nusu, utazame kwa upenyo. Miba ya fenesi inatoweka, nyufa za meza zinatoweka, unabaki na madoa makubwa: kijani hapa, manjano pale, kivuli cheusi chini. Wachoraji hufanya hivyo kila siku kabla ya kugusa brashi. Tangu Margaret Trowell alipoanza kufundisha sanaa Makerere mwaka 1937, katika shule ambayo hadi leo inaitwa kwa jina lake, vizazi vya wachoraji wa Uganda vimejifunza kwamba kuchora ni kuamua kipi kiachwe. Filta ni kufumba macho nusu kwa hesabu. Kasoro yake ni kwamba inafumba macho kwa kila kitu kwa kiasi kilekile, ukuta wa nyuma na mboni ya jicho sawasawa, isipokuwa wewe uikataze.

Uchaguzi wa LC1 ndani ya picha

Filta ya zamani na inayojulikana zaidi ni ile ya rangi ya mafuta. Kwenye programu ya GIMP inaitwa Oilify. Inavyofanya kazi, sijaona mfano unaoieleza vizuri kuliko uchaguzi wa LC1, yaani baraza la kijiji hapa Uganda.

Mwaka 2018 tulipiga kura za LC1 kwa kupanga mstari. Wanakijiji wanasimama nyuma ya mgombea wao, mistari inahesabiwa, mstari mrefu unashinda. Filta ya rangi ya mafuta inafanya hivyo kwa kila nukta. Inachukua nukta moja, inawaita majirani wake wote wa karibu, tuseme mraba wa nukta 7 kwa 7, yaani wapiga kura 49. Inawapanga mistari kwa kadiri ya mwangaza wao: wenye giza huku, wa kati pale, weupe kule. Mstari mrefu ukishapatikana, nukta ile ya katikati inavishwa wastani wa rangi ya washindi. Kisha filta inahamia nukta inayofuata na kuitisha uchaguzi mwingine, mpaka zile milioni 12 ziishe.

Matokeo yake ni kwamba majirani wanaanza kuvaa sare. Eneo lililokuwa na rangi mia zinazokaribiana linakuwa doa moja, na mahali doa moja linapokutana na jingine panatokea ukingo mkali, kama pale brashi mbili zilipokutana. Ndiyo maana matokeo hayafanani na ukungu. Ukungu wa kawaida unachanganya majirani wote kama uji, na mpaka kati ya shavu na kanzu unayeyuka. Kwenye uchaguzi mshindi ni mmoja, hachanganywi na aliyeshindwa.

Sasa lirudie kovu la mzee. Tuseme kwenye picha iliyoskaniwa kovu lina upana wa nukta 6. Ukiweka ujirani wa 7 kwa 7, kura ni 49, na kovu likipita katikati lina kura 42. Linashinda, linabaki. Ukipanua ujirani hadi 31 kwa 31, kura zinakuwa 961 na kovu lina 186 tu. Limeshindwa vibaya. Unyusi na ngozi vinagawana nafasi yake, na mzee anaponywa jeraha la utotoni bila daktari. Vitu vidogo ndivyo vinavyomfanya mtu awe yeye: kovu, mwanya, mng'ao mweupe ndani ya jicho, chale. Vyote ni wachache. Ukipanua ujirani, unavipigia kura vitoke.

Filta nyingine nzuri ilizaliwa hospitalini. Mwaka 1976 Mjapani Michiyoshi Kuwahara na wenzake walikuwa wanatafuta namna ya kusafisha picha za kitabibu za moyo zilizojaa chengachenga, bila kufuta kuta za moyo. Kanuni yao ni ya mtu anayeishi mpakani: nukta inatazama pande nne zinazoizunguka, inauliza upande upi una utulivu kuliko mingine, yaani rangi zake hazipishani sana, kisha inachukua wastani wa upande huo. Nukta iliyo pembeni mwa shavu inajiunga na shavu, na jirani yake wa kanzu anajiunga na kanzu. Mpaka unabaki pale pale. Miaka mingi baadaye watu wa picha waligundua kwamba picha za kawaida zikipitishwa humo zinatoka kama zimepakwa kwa brashi bapa. Kuwahara hakuwa anatafuta sanaa, lakini mimi filta hii ndiyo ninayoipenda kwa nguo na majani.

Mkwaruzo wa brashi na mwanga wa uongo

Kuna kundi la pili la kanuni ambalo kweli linaweka brashi. Mwaka 1990 Paul Haeberli, mtaalamu wa michoro ya kompyuta, alionyesha njia rahisi ajabu: anza na ukurasa mtupu, chagua mahali, uliza picha ya asili pale pana rangi gani, kisha piga mkwaruzo mmoja wa brashi wa rangi hiyo. Rudia mara maelfu. Mwaka 1998 Aaron Hertzmann akaongeza akili ya fundi: piga kwanza brashi kubwa kila mahali, linganisha na picha ya asili, kisha rudia kwa brashi ndogo pale tu ambapo tofauti ni kubwa. Aliyewahi kutazama nyumba ikipigwa plasta atalielewa hilo. Fundi hamwagi saruji kwa kijiko. Anarusha kwa mwiko mkubwa, anasawazisha kwa ubao, halafu anarudi kwenye pembe za madirisha kwa mwiko mdogo.

Programu za leo huongeza jambo moja ambalo ndilo lililomchanganya Hajati. Filta ya Oil Paint ya Photoshop ina kitelezi cha mng'ao. Ukikisogeza, programu inaamua taa iko upande gani, kisha upande mmoja wa kila mkwaruzo inauongezea weupe na upande wa pili inautia giza. Jicho linaona tuta la rangi lenye kivuli chake. Tuta halipo. Ni weupe na weusi uliochapwa kwa wino juu ya kitambaa bapa. Jicho linaweza kudanganyika, kidole hakidanganyiki, ndiyo maana mama yule alinishika mkono kabla hajasema lolote.

Ukitaka kuhakikisha bila kugusa, simama ubavuni mwa picha dirisha likiwa mbele yako, utazame uso wake kwa mlazo. Rangi ya mafuta iliyopakwa kwa mkono itaonyesha vilima na mabonde. Au chukua kioo cha kukuzia: kilichoprintiwa kitaonyesha vitone vya wino vya rangi chache vilivyotawanyika. Kuprinti kwenye turubai si dhambi. Mimi mwenyewe huprinti, na kazi ikifanywa vizuri inapendeza miaka mingi. Dhambi ni kuliita la mkono wakati mkono haukupita. Wachoraji wetu wanaouza kwenye kijiji cha ufundi cha Buganda Road jijini Kampala, na wale wanaochora juu ya olubugo, kitambaa cha gome la mutuba, wanakaa siku nyingi juu ya kazi moja, na kila turubai la mashine linalouzwa kwa jina lao linawanyang'anya unga mezani.

Pale mashine inapoacha kufuata picha yako

Hadi hapa kila kanuni niliyoieleza imefungwa na picha ya asili. Inaweza kufuta kovu, lakini haiwezi kusogeza sikio. Mambo yalibadilika kwa hatua mbili.

Hatua ya kwanza ni ya mwaka 2015. Leon Gatys, Alexander Ecker na Matthias Bethge wa Tübingen, Ujerumani, walichukua picha ya nyumba za mji wao zilizopangana kando ya mto Neckar, wakachukua na mchoro wa mchoraji Van Gogh, wakaiagiza kompyuta itoe nyumba zilezile kwa mkono wa Van Gogh. Walitumia programu iliyokwisha kufunzwa kutambua vitu kwenye picha, wakagundua kwamba ndani yake unaweza kutenga "kuna nini hapa" na "kimepakwaje". Ni kama kwa mshonaji: vipimo vya mwili wako ni vyako, kitenge ni cha dukani. Mshonaji anakata kitenge kwa vipimo vyako. Mwaka uliofuata, 2016, programu ya simu iitwayo Prisma ililipeleka jambo hilo kwa kila mtu. Hapa vipimo vya uso kwa kiasi kikubwa bado ni vyako, ingawa kitenge chenye maua makubwa mno kinaweza kuuficha mwili.

Hatua ya pili ni hii ya akili unde ya kutunga picha, iliyoenea tangu 2022. Hapa mashine inaitazama picha yako kama mtu anayeelezewa kwa simu. Inapata habari: mzee, mweusi, kanzu nyeupe, kofia, anatazama mbele, ndevu fupi. Kisha nyingi kati ya hizi zinaanza na chengachenga tupu, kama zile za televisheni isiyo na mawimbi, na kuzisafisha hatua kwa hatua mpaka mzee wa namna hiyo atokee. Anayetokea anafanana na ulichokieleza. Lakini kila nukta ni mpya, na pale mashine inapokosa habari inajaza kwa yale iliyoyaona mara nyingi zaidi wakati wa kufunzwa. Unyusi mzima ni wa kawaida kuliko unyusi uliokatika. Basi ikauziba.

Nilimwomba Hajati aniletee picha ya asili. Niliiskani, nikaipiga picha na ile ya turubai, nikaziweka moja juu ya nyingine kwenye kompyuta kwa ukubwa sawa, ile ya juu nikaifanya nusu uwazi. Kama ingekuwa filta, mistari yote ingelaliana. Hazikulaliana. Sikio la kulia lilikuwa limeshuka, darizi ya shingoni mwa kanzu ilikuwa na nakshi nyingine kabisa, na pua ilikuwa nyembamba kuliko ya marehemu. Swali la mama lilikuwa limejibiwa, nami sikupenda kuwa mtu wa kumpa jibu. Yule hakuwa baba yake. Alikuwa mzee aliyebuniwa.

Jaribio hilo la kulaza picha juu ya picha unaweza kulifanya hata kwa simu, kwa programu yoyote yenye matabaka. Lifanye kabla hujalipa.

Kanzu nyeupe, uso mweusi

Nikae kidogo kwenye jambo ambalo mafunzo mengi ya mtandaoni hayaligusi, kwa sababu picha zao za mfano ni za watu weupe. Kamera inapopima mwanga, kanzu nyeupe inaishtua. Inaona weupe mwingi, inapunguza mwanga, na uso mweusi juu ya kanzu ile unazama gizani. Kwa macho bado unauona, kwa sababu macho yetu yana huruma. Filta haina.

Tazama hesabu. Tuseme unaambia programu ipange mwangaza wa 0 hadi 255 katika mistari 8, kila mstari namba 32. Uso uliozama uko kati ya 20 na 75. Namba hizo zote zinaingia mistari mitatu tu. Paji la uso, shavu, kivuli cha pua, mstari wa mdomo, yote yanagawana madoa matatu, na mzee anatoka kama kinyago cha mkaa kilichovalishwa kanzu. Kabla ya filta yoyote, inua vivuli. Kila programu ina zana ya hilo, iwe inaitwa Curves au Shadows. Uso ukipanda ukawa kati ya 40 na 170, unapata mistari mitano, na shavu linaanza kuwa na mviringo. Usiinue mpaka ngozi ikawa kijivu au ikageuka rangi isiyo yake. Mtu asing'arishwe, aonekane. Kama unapiga picha mpya kwa ajili ya kazi hii, mkalishe kando ya dirisha, mwanga umpige kwa upande, na uambie kamera ipime uso kwa kuugusa kwenye skrini. Hilo dogo tu linashinda saa nzima ya kompyuta.

Kuhusu ubora, kuna imani kwamba picha mbovu inaokolewa kwa kugeuzwa mchoro, eti ukungu utaonekana ni usanii. Imani hii inanipotezea wateja, lakini lazima niikatae. Picha inayotumwa kwa WhatsApp kwa njia ya kawaida hubanwa; nyingi ninazopokea zimeshuka hadi nukta 1600 kwa upande mrefu. Zaidi ya hapo, ubanaji wa aina ya JPEG hukata picha katika miraba midogo ya nukta 8 kwa 8, na ikibanwa sana miraba hiyo huanza kuonekana. Filta ya rangi ya mafuta inaipenda miraba hiyo kwa sababu tayari ni madoa. Badala ya kuificha, inaikoleza, na shavu la bibi harusi linakuwa sakafu ya vigae. Mwombe mtu akutumie picha kama dokumenti, siyo kama picha. Na kama ni ya karatasi, iskaniwe. Picha ndogo ya inchi 3.5 kwa 5 ikiskaniwa kwa nukta 600 kwa inchi inakupa nukta 2100 kwa 3000, na hizo zinatosha.

Ukubwa wa chapisho unahesabika kwa kugawanya. Karatasi ya A3 ina urefu wa inchi 16.5. Nukta 4000 ukizigawa kwa 16.5 unapata karibu 242 kwa kila inchi, safi kabisa. Nukta 1600 zinakupa 97, na mtu akisogea karibu ataona ngazi.

Kosa jingine nimelirudia mwenyewe mara nyingi mpaka nikajifunza. Unajaribu filta kwenye nakala ndogo ya nukta 1000 ili kompyuta isikwame, ujirani wa 8 unapendeza, kisha unaweka 8 ileile kwenye picha kubwa ya nukta 4000 na huoni mabadiliko. Programu haijaharibika. Ujirani unahesabiwa kwa nukta, na nukta za picha kubwa ni ndogo mara nne kwa kulinganisha na uso. Weka 32.

Pesa haihitajiki nyingi. Photoshop, iliyotoka 1990 kwa kazi ya ndugu wawili Thomas na John Knoll, ni nzuri lakini ni ya kulipia muda wote unaoitumia. GIMP ni ya bure tangu ilipotoka 1996, na pamoja na Oilify ina GIMPressionist, inayopiga mikwaruzo ya brashi. Krita pia ni ya bure, na kama una kalamu ya kuchorea kwenye kompyuta, hiyo ndiyo itakayokufaa kumalizia kwa mkono wako mwenyewe. Kuhusu haki, Sheria ya Hakimiliki ya Uganda ya 2006 inailinda picha kama kazi ya sanaa, na kutengeneza kazi nyingine kutokana nayo ni haki ya mwenye nayo. Kuitia filta picha ya mpiga picha mwenzako hakuifanyi iwe yako. Muombe. Na programu za simu zinazopeleka picha kwenye kompyuta za mbali zinaondoka na uso wa mtu; uso wa mteja haukupewa wewe uutoe, na tangu 2019 tuna sheria ya kulinda taarifa za watu.

Kazi ya Hajati niliifanya kwa siku mbili. Picha ya asili ilikuwa imechujuka na kuelekea rangi ya machungwa, basi nilianza kwa kuurudishia uweupe ukingo wa kanzu, kisha nikainua vivuli vya uso. Nikatengeneza tabaka tatu za picha ileile. Ya chini kabisa niliipitisha kwenye filta nzito, ujirani wa 31, kwa ajili ya ukuta wa nyuma, ambao ulikuwa na waya na kalenda iliyochanika visivyomhusu mtu. Ya kati ilipitishwa Kuwahara kwa ajili ya kanzu, ili mikunjo ilale kwa mapana. Ya juu ilikuwa ya uso: ujirani wa 7, basi. Kisha nikatoboa kila tabaka pale tu nilipotaka ya chini yake ionekane, kwa maski, kama unavyokata dirisha kwenye pazia. Kwenye macho na unyusi wa kushoto nikaiacha picha ya asili yenyewe ipenye kwa nusu, bila filta. Mng'ao wa uongo sikuuweka. Nyuma ya turubai nikaandika kwa kalamu: picha ya kamera, imehaririwa kwa kompyuta na kuprintiwa.

Alipokuja kuichukua hakuitazama kwa mbali. Aliilaza mezani, akainama, akapitisha kidole juu ya kitambaa, kikateleza kama mara ya kwanza, hakusema kitu. Kidole kikapanda hadi jicho la kushoto, kikasimama.

"Lipo," akasema. Akaomba leso yake aifunge.